Konokono hana hatia

SWALI: Shikamoo, Mzee wa Wadudu. Nina miche sita ya mlimau kwenye makopo. Majani machanga yamechorwa mistari myeupe inayong'aa, imepinda huku na huku kama njia ya konokono, halafu yanajikunja. Usiku tatu nimevizia na tochi, sijaona konokono hata mmoja. Nimenyunyiza majivu, wapi! Jirani anasema ni ukungu, niing'oe yote. Nimeambatanisha picha tatu. Ni nini hiki?

JIBU: Marahaba, binti. Using'oe kitu, na konokono muombe radhi.

Pitisha kucha juu ya mstari. Ute wa konokono ungebanduka. Huu haubanduki kwa kuwa umo ndani ya jani. Sasa liinue jani kwenye mwanga. Katikati ya ile njia utaona uzi mweusi mwembamba: hicho ni kinyesi. Ufuate kuanzia njia ilipo nyembamba hadi inapotanuka. Pale mwisho, penye upana, kuna kitu bapa cha rangi ya kijani-njano, urefu wake kama milimita tatu. Huyo ndiye mwizi wako, kiwavi wa nondo aitwaye Phyllocnistis citrella. Jina hilo alipewa na Mwingereza Stainton mwaka 1856, kwa nondo waliotoka Calcutta, India.

Wengi humchanganya na vidomozi wa maharage, ambao nao huchora majani kwa ndani, lakini wale ni watoto wa inzi. Huyu wako anapenda jamii ya michungwa, tena majani machanga tu. Jani likishakomaa na kuwa gumu, hana habari nalo.

Mama yake hutaga yai mojamoja, mara nyingi upande wa chini wa jani, karibu na mshipa wa kati. Yai linafanana na tone dogo mno la maji. Kati ya siku 2 na 10 linaanguliwa, na kiwavi hupenya moja kwa moja ndani ya jani bila kutembea nje hata hatua moja. Hatafuni kama viwavi wengine. Anapasua seli za ngozi ya jani na kufyonza maji yake, ile ngozi ya juu inabaki inaelea kama karatasi, ndiyo maana inang'aa. Kila anapojivua gamba anakuwa mkubwa zaidi, na njia inapanuka naye. Katika hatua ya mwisho hali chakula kabisa. Kazi yake ni kutoa hariri, kuuvuta ukingo wa jani ujikunje, na kugeuka pupa humo ndani, yaani hatua ya kutulia kabla ya kuwa nondo. Kule kujikunja ulikokuona ni chumba chake cha kulala. Tangu yai hadi nondo ni siku 13 kukiwa na joto zuri, na hufika 52 kukiwa na baridi.

Nondo mwenyewe mimi nilimkosa kwa miaka. Siku moja niliweka jani lililojikunja kwenye chupa ya jamu, na pamba yenye unyevu chini yake. Baada ya wiki na ushei nikaona chembe ya vumbi jeupe kwenye kioo, nikakaribia kuipuliza. Ikaruka! Mabawa yakitanuliwa ni kama milimita nne tu, meupe ya fedha, na kila bawa la mbele lina nukta nyeusi nchani.

Dawa? Siipendi. Ya kupuliza juu haimfikii vizuri aliyejificha ndani, ila inaua nyigu wadogo wanaotaga mayai yao juu ya viwavi hivyo. Wala usiyakate majani yaliyochorwa, bado yanaulisha mche, na ukikata unachochea machipukizi mapya, yaani unamwandalia meza. Punguza mbolea ya nitrojeni kwa sasa. Ila ukiona madoa ya kahawia yaliyovimba na kuzungukwa na duara la njano, hayo ni ya bakteria wanaoweza kuingilia kwenye michoro hiyo; yaonyeshe kwa mtaalamu wa kilimo haraka. Katika picha zako sijayaona.

Nilichokiona, kwenye picha ya tatu, ni ukingo wa kushoto uliojikunja na kitu cha rangi ya kahawia ndani yake. Hilo jani moja tu lichume leo, litie kwenye chupa. Ila likague kwanza: ukikuta ganda jembamba limechomoza kwenye mkunjo, umechelewa, ameshatoka.