Miezi 14 imepita: je, bado naweza kupinga uteuzi wa kaunti?

Swali: Wakili, nilihojiwa kwa nafasi ya afisa wa ugavi katika kaunti moja hapa Kenya. Baadaye nilikuja kujua kwamba aliyeajiriwa hakuwa na cheti kilichotakiwa kwenye tangazo. Niliiandikia Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti barua tatu, sikujibiwa. Sasa ni miezi 14. Je, nimeshachelewa?

Jibu: Ndugu, kwa njia moja umechelewa kabisa, kwa nyingine utalazimika kueleza kila mwezi uliopita.

Njia iliyofungwa ni ile ya kuomba amri ya kutengua uamuzi chini ya kifungu cha 9(3) cha Sheria ya Marekebisho ya Sheria, kinachotoa miezi sita tangu tarehe ya uamuzi wenyewe, si tangu siku ulipopata habari za cheti.

Njia unayopaswa kuianza ni rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma chini ya kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti. Muda wake ni siku 90, lakini Tume inaweza kupokea rufaa iliyochelewa ikiona mazingira yanastahili. Usiiruke hatua hii, kwa kuwa mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa ilishikilia kwamba anayelalamikia uamuzi wa bodi ya kaunti hupaswa kwanza kupitia kwa Tume kabla ya kwenda mahakamani.

Baada ya Tume kuna ombi la kikatiba, yaani kesi ya kudai mahakamani kwamba haki zako za kikatiba zilikiukwa. Hilo halikuwekewa ukomo wa muda, na hapo ndipo wengi hujidanganya. Jaji hupima urefu wa ucheleweshaji na sababu zake, na pia hali ya aliyeajiriwa, ambaye hakukosea kwa kuomba kazi iliyotangazwa, ambaye huenda ameshathibitishwa kazini na kuhamisha familia yake. Ndiyo maana mahakama inaweza kukubali kwamba bodi ilikiuka utaratibu na bado ikakataa kuufuta uteuzi. Kwa maoni yangu ni haki, ingawa inauma, kwa sababu kila mwezi wa kunyamaza kwako ni mwezi ambao mwenzako amejenga maisha juu ya uamuzi huo.

Barua zako hazikusimamisha muda, hata siku moja. Hata hivyo zinaonyesha kuwa hukulala, mradi una nakala zilizogongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe inayosomeka. Nakala isiyo na muhuri bodi itaikana.

Wasilisha rufaa wiki hii, ukiambatanisha tangazo, nakala hizo na maelezo ya kuchelewa yanayofuata tarehe moja baada ya nyingine. Sambamba na hilo, omba matokeo ya mahojiano chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016, inayoitaka ofisi ya umma kujibu ndani ya siku 21. Usiyasubiri majibu hayo ndipo uwasilishe rufaa. Yakija, yaongeze kwenye jalada.