Wiki ya tatu baada ya leza ya macho na bado ukungu: jibu kwa mkuu aliyeuliza

Mkuu, hongera kwanza, halafu pole. Swali lako kwa kifupi: umefanyiwa leza ya kuachana na miwani, namba yako ya miwani ilikuwa -5 (minasi, yaani mbali huoni) macho yote mawili, sasa ni wiki ya tatu. Kushoto unaona kuliko kulia, asubuhi unasoma kibao cha daladala kikiwa mbali, jioni kibao hichohicho ni ukungu, na jamaa mliyefanyiwa naye siku moja alishika usukani kesho yake. Unauliza kama macho yameharibiwa. Mimi si daktari. Ni fundi simu, nina meza yangu Kariakoo, nilifanyiwa miaka kadhaa nyuma nikiwa na -4.75, na hiyo wiki ya tatu unayoisema naijua vizuri.

Tuanze na jamaa yako maana naona ndiye anayekunyima usingizi. Umeandika kwamba wewe uliwekewa lenzi laini ikakaa siku kadhaa ndipo ikatolewa, yeye hakuwekewa. Basi hamkufanyiwa kitu kimoja, ingawa mlilala mbele ya mashine moja. Yeye ni LASIK: konea, kile kioo cha mbele ya jicho, inakatwa utando wa maikroni 100 na kidogo (maikroni elfu moja ni milimita moja), unafunuliwa, leza inachonga chini yake, utando unarudishwa. Ngozi ya juu imebaki karibu yote, ndiyo maana kesho yake anaona. Wewe ni PRK: ngozi ya juu ya konea inaondolewa katikati, leza inachonga hapohapo juu, halafu mwili unaotesha ngozi nyingine wenyewe. Ile lenzi ilikuwa bandeji tu. Na usidhani ulionewa. Mara nyingi madaktari wanachagua PRK kwa mwenye konea nyembamba, kama yangu iliyokuwa chini kidogo ya maikroni 500, kwa sababu lazima akiba ya kutosha ibaki chini na utando unakula akiba hiyo. Faida utaiona baadaye: huna utando wa kusogea ukipigwa kiwiko kwenye mwendokasi. Jamaa yako anao, na kipigo kikali kinaweza kuusogeza hata miaka ikiwa imepita.

Sasa ukungu wenyewe. Ngozi mpya huota kutoka pembeni ikienda katikati, na inakutana palepale unapoonea, mbele ya mboni. Inapokutana panakuwa na matuta. Ndiyo maana wengi wetu siku ya pili tunaona vizuri tukiwa bado na bandeji, tunapiga simu nyumbani kwa furaha, halafu siku ya nne au ya tano uoni unashuka na moyo unashuka nao. Bandeji ikitolewa jeraha limefunga, lakini kazi haijaisha: ni ukuta uliopigwa plasta leo, umefunikwa wote ila haujapigwa msasa. Ngozi inaendelea kujisawazisha kwa wiki nyingi, na macho mawili hayaendi mwendo mmoja. Langu la kulia liliburuza mkia mwezi na zaidi. Daktari ananiambia kwenye chati ya herufi nimesoma 6/9, yaani karibu na kawaida, mimi namwambia kila herufi ina kivuli chake pembeni, na wote tulikuwa tunasema kweli. Ile chati inapima udogo wa herufi unayoweza kuitambua, haikuulizi imekaa safi kiasi gani.

Kwa PRK wengi hutulia kati ya mwezi wa kwanza na wa tatu, wenye namba kubwa huenda hata hadi wa sita. Kwa hiyo hapo ulipo ni katikati ya safari, na kinachokuchosha zaidi, nadhani, ni kujipima. Unaziba jicho hili, unaziba lile, unasoma kalenda, unasoma chupa ya maji, kila saa. Acha. Mimi nilichagua bango la duka la vitenge ng'ambo ya mtaa, lenye mistari mitatu, nikawa nalitazama Jumatatu asubuhi tu kabla sijafungua meza. Mstari wa chini una namba za simu. Wiki za mwanzo ulikuwa utepe mweusi. Baadaye nikawa naona kwamba ni tarakimu, bila kujua ni zipi. Kisha nikaweza kutofautisha 8 na 3. Ukijipima kwa wiki utaona unapanda. Ukijipima kwa saa utaona unapanda na kushuka mpaka uchanganyikiwe.

Kuna mchangiaji hapo juu amekutisha na ile harufu ya wakati leza inachonga, kwamba "ukisikia harufu ya nywele zinazoungua ujue wamekuchoma jicho". Harufu ipo, nami niliisikia vizuri sana, lakini si jicho kuungua. Leza hiyo ni mwanga wa urujuanimno wa nanomita 193, unavunja viungo vya molekuli pale unapogusa bila kupasha moto nyama ya jirani, na kinachoruka ndicho kinachonuka. Sifa hiyo iligunduliwa na watafiti wa IBM huko Marekani mwaka 1981, walipoijaribu kwenye mabaki ya bata mzinga wa sikukuu wakaona mkato umekaa safi bila kuungua pembeni. Kwenye jicho la mtu anayeona ilifika mwaka 1988. Si kitu cha jana.

Jambo ambalo hujaliuliza lakini litakukuta, hasa kama unakaribia arobaini: kuona karibu. Sisi wenye minasi tunatembea na kioo cha kukuzia cha bure. Kabla ya leza nilikuwa navua miwani, nasogeza bodi ya simu mpaka puani, naona nyufa za sodaringi ambazo vijana wenye macho mazima hawazioni bila mashine. Leza iliondoa hilo siku ileile. Tena baada ya PRK jicho mara nyingi huvuka kidogo upande wa pili kwa wiki za mwanzo, yaani mbali panaanza kufunguka wakati karibu pamefungwa. Nilikaa mezani na simu ya mteja mkononi, screw zile ndogo za pembeni sizioni kabisa, namwachia kijana wangu afungue na mimi nipokee hela. Baadaye ikarudi, siyo kama zamani. Leo nimepita arobaini na nina miwani ya kusomea kwenye droo, kama kila mtu wa umri wangu. Leza inarekebisha konea. Lenzi ya ndani ya jicho inakakamaa na umri na haijui kama ulilipa hela. Kama kazi yako ni ushonaji, saa, vito au simu kama mimi, hili lilistahili dakika tano za daktari kabla ya upasuaji. Mimi niliambiwa kwa sentensi moja wakati nasaini fomu.

Hiyo tofauti yako ya asubuhi na jioni, kwa kiasi kikubwa naiweka kwenye ukavu. Neva za konea zimekatwa, jicho halijui kama limekauka, linatoa machozi machache, na zinahitaji miezi kuota tena. Tukikodolea kitu tunapepesa mara chache, basi saa kumi jioni, baada ya kutwa nzima ya simu, juu ya jicho hakuna maji ya kutosha na kila kitu ni ukungu. Pepesa kwa nguvu mara kadhaa: kama picha inasafika kisha inachafuka tena, huo ni ukavu. Tumia machozi ya bandia yasiyo na kihifadhi, vile vichupa vidogo vya kutumia na kutupa, maana ya chupa kubwa yenye kihifadhi ukiyatia mara nyingi kwa siku yanaudhi jicho. Kwangu adui alikuwa bloa, ile mashine ya hewa ya moto ya kubandulia vipuri vya simu. Hewa yake inarudi usoni moja kwa moja. Nyumbani adui alikuwa pangaboi. Nililigeuzia kitanda miguu, mke wangu akanuna, tukazoea.

Usiku utaona taa za magari zina miale na duara kama mwezi wenye mvua. Kwa wengi hupungua ndani ya miezi. Mpaka hapo kama unaendesha Morogoro Road usiku, na malori yale yasiyoshusha taa, mpe mwingine usukani.

Kuhusu maji: mimi ni Mwislamu, na daktari alinikataza maji ya bomba machoni mpaka ngozi ifunge vizuri. Nilimuuliza ustaadhi wa msikiti wetu, akasema palipo na madhara sheria ina nafasi, nikatayamamu. Wanaoulizia wanja, wasubiri waruhusiwe. Bodaboda panda ukiwa na miwani iliyofunika pembeni, na miwani ya jua isikutoke miezi ya mwanzo, kwa sababu jua kali huchangia kovu la ukungu kwenye konea iliyofanyiwa PRK.

Hapa kwenye dawa naomba unisikilize. Matone ya steroidi (dawa ya kutuliza uvimbe) uliyopewa yanashushwa taratibu, kwa wiki au miezi, kwa ratiba ya daktari. Usiyakatishe kwa sababu jicho limekuwa jeupe, na usiende duka la dawa kuongeza chupa nyingine kwa sababu ukungu haujaisha. Steroidi ikikaa muda mrefu inaweza kupandisha presha ya jicho bila wewe kuhisi chochote, na ikaleta mtoto wa jicho. Ndiyo maana kliniki za kurudi zina kipimo cha presha. Usizikwepe hata kama unaona vizuri. Na yale matone ya ganzi waliyokutia kabla ya kuanza, mtu akikuuzia kinyemela ukayatie nyumbani, kataa. Yanaua konea.

Yasiyosubiri Jumatatu ya bango: maumivu yanayorudi baada ya kuisha, jicho kuwa jekundu na kutoa usaha, doa jeupe juu ya kioo, mwanga kuanza kuumiza sana, au uoni kuporomoka kwa ghafla. Hayo ni siku hiyohiyo. Vilevile ukiona vimulimuli, vidoa vyeusi vingi vinaelea, au pazia linashuka upande mmoja, kimbia: jicho la mtu mwenye minasi ni refu, retina yake imevutika, na leza haikugusa huko nyuma. Namba imeondoka, urefu wa jicho umebaki.

Ulitaja kwamba umeambiwa unaweza kurudiwa kama jicho la kulia halitafika. Kweli huwezekana, ila si sasa; namba lazima kwanza itulie, na konea iwe na unene wa kuchongwa tena. Ukisikia mtu anakuharakisha wiki hii, tafuta bingwa wa pili akuone.

Mwisho, kabla hujasahau, kaombe vipimo vyako vya kabla ya upasuaji: namba ya miwani, ramani ya konea na unene wake. Siku ukizeeka ukatolewa mtoto wa jicho, hesabu ya lenzi ya kuwekewa inategemea umbo la konea, na la kwako limebadilishwa, kwa hiyo atakayekufanyia atataka kujua lilikuwaje. Hata presha ya jicho sasa itasomeka chini kuliko ilivyo, kwa sababu konea imekuwa nyembamba. Kila daktari mpya mwambie ulifanyiwa leza hata asipouliza. Piga picha karatasi hizo uzitume kwenye barua pepe yako mwenyewe. Za kwangu zililiwa na mchwa kwenye kabati, nimebaki na picha.