Wageni wako wapikie nyama ngumu

Dada mmoja ameniandikia analalamika: kanunua steki ya bei, kaiweka motoni kwa muda wa saa tatu, ikatoka kavu inayokwama kooni. Dada yangu, steki haina kano nyingi za kulainishwa na moto. Kadiri inavyokaa jikoni ndivyo inavyozidi kukamuka maji.

Jumamosi nilikuwa na wageni, na miongoni mwao alikuwamo wifi yangu, yule aliyewahi kusukuma sahani yangu mbele za watu akisema meno yake bado anayahitaji. Miaka imepita, neno lile halijanitoka. Safari hii nilichukua muundi wenye mfupa, nikautia chumvi tangu usiku. Kesho yake nikaufuta maji na kuukaanga kwenye sufuria nzito, vipande vichache vichache. Ukivijaza vyote kwa pamoja vinatoa maji na kuchemka tu. Ile rangi ya kahawia inataka joto la nyuzi 140 hivi, na maji hayavuki 100. Vikafuata vitunguu, kisha supu ya kubandulia ukoko, hadi nyama ikazama nusu. Nikafunika, nikaingiza kwenye oveni, nyuzi 150.

Sasa sikilizeni. Kolajeni, ndiyo inayofanya kano ziwe ngumu, huanza kulainika na kuwa gelatini, yaani ute unaoganda kama jeli, nyama ikifika nyuzi 70 hivi, tena taratibu mno. Ukichungulia mapema utakuta nyama imekakamaa kuliko ulivyoiweka. Hapo ndipo wengi huongeza moto. Usiongeze! Yangu ilikaa saa tatu na nusu, uma ukawa unazama wenyewe.

Ikalala kwenye friji. Asubuhi mafuta yameganda juu, nikayabandua kama kifuniko. Chini mchuzi wote umekuwa jeli. Jioni nikaupasha polepole. Mezani mfupa ulichomoka bila kisu, mchuzi unanata midomoni. Wifi aliongeza, akaongeza tena, sifa hakutoa. Mimi nilikuwa nahesabu matonge yake, Mungu anisamehe.

Jamani, tuache pupa. Mnataka kusifiwa mezani lakini kusubiri hamtaki! Moto mdogo. Narudia, moto mdogo. Asiye na oveni atumie jiko lake, mradi sufuria itoe viputo kimojakimoja, isitokote. Na mfuniko muuache, kila mkifunua joto linatoka.

Dada, steki ikibaki ikaange dakika chache uile leo leo. Ya wageni, mwambie muuza nyama akukatie muundi, bega au mkia.