Usimtume mkeo akaape uongo

SHANGAZI, mimi ni mume wa miaka 43, mkazi wa Nakuru. Nilichukua mkopo wa kupanua duka la vipuri, nikaweka rehani nyumba tunayoishi. Biashara imedorora, na wiki iliyopita dalali alibandika tangazo la mnada getini. Mke wangu alipoliona alizirai. Rafiki yangu anasema mahakama itasimamisha mnada mke wangu akiapa kwamba hakuridhia rehani hiyo. Amekataa katakata, eti alitia sahihi mbele ya wakili na hawezi kuikana. Sasa amerudi kwa mama yake. Huyu ni mke kweli?

JIBU

Pole kwa biashara, na pole kwa familia. Lakini barua yako imeniambia zaidi ya ulivyokusudia.

Mkeo alizirai kwa sababu hakuwa na habari. Wewe ulikuwa nazo! Sheria ya Ardhi ya 2012 hairuhusu benki kuamka tu na kuuza nyumba ya mtu. Unapewa kwanza notisi ya miezi mitatu ulipe malimbikizo. Ikipita, unaletewa notisi ya siku 40 ya kusudio la kuuza, kisha dalali anakupa siku 45 za kukomboa mali. Hiyo ni karibu nusu mwaka ya barua. Ulikuwa ukizificha wapi? Tena mkeo, kwa kuwa aliridhia, alistahili nakala yake ya ile notisi ya siku 40. Nani aliipokea? Kama ni wewe, ukaikunja ukaitia mfukoni, basi unamlaumu mwanamke uliyemnyima nafasi ya kukusaidia mapema. Mficha maradhi, kifo humuumbua.

Rafiki yako amelisikia jambo nusu. Ni kweli nyumba ya ndoa haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi. Lakini ridhaa ilitolewa, na karatasi iko benki. Mkeo akiapa, wakili wa benki ataitoa karatasi hiyo mbele ya jaji. Amri ya kusimamisha mnada utaikosa, na mama watoto atakuwa ametenda kosa la jinai kwa ajili ya deni lako. Amekataa kwa sababu ana akili.

Wala usitegemee machozi. Tangu kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973, iliyoweka masharti ya amri kama hiyo, jaji huuliza kama kesi yako ina mashiko, kama hasara yako haifidiki kwa pesa, na akibaki na shaka, nani ataumia zaidi. Majaji wamerudia mara nyingi kwamba mali ukishaiweka rehani umeigeuza kitu cha kuuzwa, chenye bei inayojulikana, kwa hiyo hasara yake hufidika kwa pesa.

Wanaume wa siku hizi mnanisikitisha. Mke anaitwa siku ya kutia sahihi, pesa zikitoka hapewi hesabu, mambo yakiharibika ndiyo anakumbukwa kuwa ni msaidizi. Kukopa harusi, kulipa matanga; na harusi yenyewe umeila peke yako.

Sasa tafuta wakili upesi, umweleze yaliyo kweli. Kama mkeo hakupewa notisi, au benki haikuifanyia nyumba tathmini ya bei kabla ya kuitangaza, hapo pana hoja. Ila ujue kwamba mara nyingi kasoro ya notisi husimamisha mnada mpaka notisi itolewe upya, na deni linabaki palepale. Kabla nyundo ya dalali haijagonga, bado una haki ya kulipa na kuikomboa nyumba. Iombe benki ikuruhusu kutafuta mnunuzi mwenyewe, maana bei ya mnada huumiza.

Na leo jioni nenda kwa mama mkwe. Beba barua zote, hata ambazo hukuzifungua, umwekee mkeo mezani na umwombe radhi, mama yake akisikia. Kisha muulize yeye, si rafiki yako, kama nyumba muuze wenyewe au mwende mahakamani.