Spargel ya kupaka

Unguja, 26 Aprili

Mwanangu mpenzi,

Asalaam aleikum. Sisi huku wazima. Masika yametufungia ndani tangu juzi, basi leo nakujibu kwa kirefu.

Umeniuliza kama ni makosa kutia tui na pilipili kwenye Spargel, ile asparaga, mboga ya vijiti ya huko Ujerumani. Jumamosi wakwe zako wanakuja kula kwako Berlin, umeshanunua kilo mbili za ile nyeupe ya Beelitz, mji wa karibu na kwenu, na unaogopa mambo mawili: ukali utaua ladha yake, na mkwe mwenzangu ataona umeidharau mboga anayoingojea mwaka mzima.

Pika, mama. Ipike ya kupaka, kama samaki.

Mei iliyopita mkwe mwenzangu aliponiwekea sahani ya kwanza, vijiti vinne, mbatata na siagi ya kuyeyusha, nilitia mdomoni nikakumbuka shaha. Wewe ulikuwa mdogo babu yako alipoukata ule mnazi ulioinamia paa akatutolea moyo wake: mweupe, utamu wa mbali, laini lakini jino linausikia. Bibi yako aliupika kwa tui, na hakutia bizari nyingi. Spargel nayo ni nyeupe kwa sababu hufukiwa kwenye tuta isione jua. Ikichungulia tu nje, rangi inabadilika. Kitu kilicholelewa gizani namna hiyo usikipige na karafuu, mdalasini na iliki. Hivyo viache kabatini. Ukali utie, harufu nzito usitie.

Menya kama alivyonifundisha mkwe mwenzangu. Kilaze kijiti kiganjani kisivunjike, anzia chini kidogo ya kichwa, shuka mpaka mwisho, halafu kata kile kikomo kigumu. Usibakize uzi hata mmoja wa ganda, mgeni atatafuna mpaka aone haya kutema. Maganda yachemshe kwa chumvi na sukari kidogo, robo saa tu, yakizidi yanatoa uchungu; yachuje. Maji hayo ndiyo ya kuchemshia vijiti, dakika nane hivi, vibaki vigumu kidogo. Vikaushe kwa kitambaa, maana chenye maji hakishiki rojo.

Sasa rojo. Kopo la tui usilitikise. Likitulia, tui zito hupanda juu na jepesi hubaki chini, ni kama umekamua nazi mara mbili. Lile jepesi libandike na punje nne za thomu na tangawizi ulivyovitwanga pamoja, bizari ya manjano robo kijiko, na pilipili mbuzi moja. Itoe mbegu pamoja na ile nyama nyeupe inayozishika; ukali mwingi umo humo. Likipungua nusu, tia tui zito na chumvi, na hapo usiondoke: koroga polepole lisikatike. Ukwaju ni wa mwisho kabisa, moto umeshauzima. Mei ile mimi niliutia bado linachemka, tui likakatika vipande vipande na kopo jingine hatukuwa nalo. Niliumia sana, kwa kuwa ndicho chakula pekee nilichokuwa nimeahidi kumpikia mwenyeji wangu.

Vipange vijiti kwenye trei, vipake rojo, viweke chini ya moto wa juu wa oveni dakika tano. Vitoe, vigeuze, vipake tena. Mara tatu. Unachokingojea ni madoa ya kahawia juu ya rojo na ile harufu ya nazi inayotaka kuungua. Mkaa ungekuwa bora, lakini ghorofani huna pa kuuwasha.

Badala ya kotmiri, katakata lile jani la msituni linalonukia thomu, Bärlauch, ulinyunyize bichi. Linunue sokoni, usiende kulichuma mwenyewe: majani ya Maiglöckchen, ua la msituni, yamefanana nalo na yana sumu.

Ukali wa pilipili huyeyuka kwenye mafuta, kwenye maji hauyeyuki. Ndiyo maana tui huupoza, na ndiyo maana mkweo akiungua usimkimbilie na glasi ya maji, mpe mtindi. Mumeo anayependa moto msagie pilipili yake pembeni.

La heshima ndilo lililonifikirisha zaidi. Mwombe mkwe mwenzangu aje saa moja kabla, mmenye pamoja. Vijiti vinane vya kwanza vitoe vikiiva kabisa, vimwagie siagi, uviweke katikati ya meza kwa jina lake. Msimu wao ni mfupi: ikifika tarehe 24 Juni wanaacha kuvuna, ili mmea uote majani na mizizi irudishe nguvu. Mtu mwenye wiki chache hivyo kila sahani kwake ina uzito. Akiisha kula yake, ataionja yako bila kinyongo. Na asikwambie mtu kwamba unachanganya visivyochanganyika. Mbatata za mezani kwao na pilipili ya mezani kwetu zote asili yake ni Amerika.

Yale maji ya maganda yakibaki usiyamwage. Jumapili yapikie wali, na tui kidogo lililoshika kuta za sufuria.

Mama yako