Unataka kwenda kuokota kombe na chaza jimbo la Washington? Soma hii kabla hujabeba ndoo

Kila mwaka ikifika mwezi wa nne hivi, maji yakianza kupwa mchana, simu yangu haitulii. Kaka, tumesikia huko Hood Canal, ule mkono mrefu wa bahari, chaza wanaokotwa bure, twende lini? Wengi ni wageni, wameingia Kent au Tukwila, miji ya jirani na Seattle, juzijuzi tu, wengine wametoka Mombasa, wengine Unguja kama mimi, na wapo ndugu zetu Wakongo ambao bahari yenyewe wameionea hapahapa. Sasa nimechoka kurudia maneno yale yale kwa voisi noti, nayaandika mara moja. Kombe hapa nasema wale wanaoitwa clams huku, na chaza ndio oysters.

Mimi nimekulia upande wa Fumba. Bibi yangu akishaona mwezi tu anajua kesho kutwa ni bamvua, saa nne saa tano asubuhi maji yako mbali, anajifunga kanga anashuka na ndoo yake, basi. Hakuna aliyemuuliza leseni, hakuna aliyemhesabia. Mimi nikaja huku na akili ile ile, nikaona ufukwe umejaa chaza kama mawe, nikasema Wazungu hawa hawajui kula. Kumbe wanajua, ila wana utaratibu wao na utaratibu huo una faini.

Kitu cha kwanza kabisa, na ukisahau vyote usisahau hiki: huku ruhusa ni mbili, sio moja. Ruhusa ya kwanza ni ya msimu, inatoka idara ya samaki na wanyamapori ya jimbo, wenyewe wanaiita WDFW. Ya pili ni ya afya, inatoka idara ya afya ya jimbo. Hizi mbili hazingojani. Msimu unaweza ukawa wazi lakini watu wa afya wamefunga ufukwe kwa ajili ya sumu, au maji ni salama kabisa ila msimu umeisha jana. Mtu anaangalia moja, anaona kijani, anapakia watoto kwenye gari. Angalia zote mbili, na uangalie asubuhi ile ile unayoondoka, sio Jumatano kwa safari ya Jumamosi, maana sumu inaweza kupanda katikati ya wiki na wao wanafunga hapo hapo. Idara ya afya wana ramani yao mtandaoni, unagusa jina la ufukwe unaambiwa hali yake, ipige picha kwenye simu kabisa kwa sababu ukishafika kule Hood Canal mtandao unakatikakatika.

Na msimu wenyewe usidhani ni mmoja kwa jimbo zima. Kila ufukwe una tarehe zake. Mmoja uko wazi mwaka mzima, wa jirani unafunguliwa miezi michache tu, na hapo hapo ufukwe mmoja kombe wana tarehe zao na chaza tarehe zao. Rafiki yangu aliyeko Tacoma aliniambia mbona jamaa fulani alikwenda mwezi uliopita hakukamatwa, nikamwambia mwezi uliopita ulikuwa wazi, wewe unataka kwenda leo.

Halafu usiokote karibu na nyumbani. Najua inauma, bahari iko pale unaiona toka stendi ya basi, ila ule upande wa mashariki wa Puget Sound, hii bahari yetu iliyoingia ndani ya nchi, toka Everett kushuka mpaka Tacoma, wenyewe wanashauri usile kombe wala chaza wa kule kwa sababu ya uchafu wa miji. Ndio maana tunaendesha masaa mawili kwenda Potlatch au Dosewallips. Hizo ni hifadhi za jimbo, gari lako linahitaji pasi ya kupaki inaitwa Discover Pass, usipoiweka utakuta karatasi kwenye kioo.

Na jingine linalotushangaza sisi watu wa pwani: sio kila ufukwe ni wa umma. Kwetu maji yakipwa pale ni pa kila mtu. Huku serikali ya jimbo iliuza sehemu kubwa ya fukwe kwa watu binafsi, mpaka mwaka 1971 ndio ikaacha kuuza, kwa hiyo hata ule mchanga unaofunikwa na maji unaweza kuwa shamba la mtu, na chaza waliopo pale ni mali yake kama kuku wa bandani. Ukivuka kibao umeiba. Wapo pia watu wa asili wa huku, makabila yaliyokuwepo kabla ya Wazungu, wana haki zao kutokana na mikataba ya 1854 na 1855. Jaji Boldt mwaka 1974 aliamua nusu ya samaki ni yao, na mwaka 1994 jaji mwingine, Rafeedie, akasema hivyo hivyo kwa kombe na chaza. Kwa hiyo ukiwaona wanachimba siku ambayo wewe umekatazwa usianze kulalamika mbona wale, wale wako kwao.

Sasa leseni. Kila mwenye miaka 15 kwenda juu lazima awe nayo, na awe nayo mwilini, sio kwenye gari. Dukani sema unataka ya shellfish na seaweed, yaani ya kombe, chaza na mwani, usije ukauziwa ya samaki ukaja kugombana na muuzaji. Kama umekaa Washington siku 90 mfululizo unalipa bei ya mkaazi, kama bado bei iko juu, hivyo mgeni wa wiki mbili afadhali asubiri. Na mwaka wa leseni unaanza tarehe 1 Aprili, ukinunua mwezi wa tatu utanunua tena baada ya wiki chache, kosa hilo nimelifanya mimi mwenyewe na nikamlaumu shetani.

Kosa langu kubwa lakini lilikuwa la ndoo. Tulikuwa watatu, mimi, mke wangu na mama mkwe aliyekuja kututembelea. Leseni zote tatu ninazo, nimejipanga. Mama mkwe magoti yanamsumbua, tukamwekea kiti pale juu akajifunika blanketi, nikamwambia mama wewe kaa, nitakuchimbia. Nikachimba wangu, nikachimba wa mama, wote nikatia ndoo moja. Akaja afisa, kijana mpole kabisa, akasalimia, akaomba leseni, halafu akapiga goti akageuza mfuniko wa ndoo akaanza kuwapanga kombe juu yake kumi kumi, anahesabu kwa sauti ya chini. Alipopita arobaini na bado ndoo ina uzito nikajua kimenuka. Sheria ni kila mtu achimbe wake, na kila mtu awe na chombo chake. Mtu mwenye ulemavu kuna kibali maalum mwenzie amchimbie, ila kibali kinaombwa kabla, sio magoti tu. Mama mkwe anauliza kule kwenye kiti, anasemaje huyo? Nikamwambia anasifia kombe wetu. Faini nililipa.

Hesabu kwa Puget Sound ndio hiyo: kombe 40 kwa mtu kwa siku, jumla ya aina zote sio 40 kila aina, na wasizidi ratili 10 na magamba yao, yaani kama kilo nne na nusu. Aina nyingi lazima wafike inchi moja na nusu upana. Chukua kipimo, vile vibao vya plastiki vyenye tundu, kombe akipita kwenye tundu mdogo huyo mrudishe mchangani umfukie. Chaza ni 18, wasipungue inchi mbili na nusu. Kuna chaza wadogo wa asili wa huku, Olympia, hawakui sana, hicho kipimo ndicho kinawalinda, wale wakubwa unaowaona mbegu yao ililetwa toka Japani zamani. Namba hizi huwa zinabadilika, pitia kitabu cha sheria cha mwaka huo.

Chaza sasa, hapa ndipo wengi wetu tunakosea. Huruhusiwi kwenda nae nyumbani na gamba lake. Unamfungua palepale ufukweni, nyama unatia kwenye kopo lenye barafu, gamba unaliacha pale pale ulipomuokotea, sio kulitupa juu kwenye kokoto. Sababu ni kwamba vitoto vya chaza vinaelea kwenye maji vinatafuta pa kushika, na vinapenda gamba la chaza kuliko jiwe, kwa hiyo gamba lako moja lina watoto juu yake au litapata watoto. Nenda na kisu kifupi kinene na glavu ngumu, chaza hawa magamba yao yanakata kama chupa.

Kombe usiende na sepeto kubwa. Wale kombe wanaoitwa manila, watamu kweli, wanakaa inchi mbili mpaka nne tu chini, na hawako mbali, wako sehemu ya katikati ya ufukwe, reki ndogo ya mkono inatosha. Unavuta taratibu unasikia kwa mkono kabla hujaona, kokoto inasema kr, kombe anasema tok. Ukimaliza fukia shimo. Hiyo ni sheria na ina maana, lile rundo la mchanga ulilotoa limewalalia wengine wadogo pembeni, hawawezi kujinasua wanakufa. Nimewahi kuona kikundi kimeacha mashimo kama wamefukiwa maiti pale, nikaona aibu kwa sababu walikuwa wanaongea Kiswahili.

Kuhusu maji. Sisi tumezoea kupwa mara mbili kwa siku na zote karibu sawa. Huku kupwa moja kubwa moja ndogo, na kiangazi ile kubwa inakuja mchana, kipupwe inakuja usiku. Jedwali lao linahesabu kwa futi, sifuri yake ni wastani wa yale maji ya chini kabisa ya kila siku, ukiona alama ya kutoa mbele ya namba ujue ni bamvua nzuri. Fika saa moja au mbili kabla ya kupwa kabisa, ondoka yakianza kurudi.

Sasa sumu, na hapa naomba usikimbie aya. Kuna vijimea vidogo vya baharini vinatengeneza sumu, kombe anachuja maji anazikusanya, yeye hafi ila wewe unakufa. Inapooza. Midomo na ulimi vinaanza kuwasha kama umekula pilipili, vidole vinakufa ganzi, miguu haikutii, mwisho pumzi. Inafanya kazi kama sumu ya bunju, yule samaki anayejivimbisha, na kama ya bunju haina dawa ya kuiondoa, hospitali wanakusaidia kupumua mpaka itoke, kwa hiyo midomo ikianza tu piga 911. Kupika haiondoi, kugandisha haiondoi, ndimu haiondoi. Watu wa visiwani tunalijua hili kwa kasa, Machi 2024 pale Kisiwa Panza, Pemba, watoto 8 na mtu mzima mmoja walikufa kwa nyama ya kasa iliyopikwa vizuri tu. Huku nako mwaka huo huo mwezi wa tano, jimbo jirani la Oregon, watu kadhaa waliugua kwa kula kome wa kujiokotea na pwani ikafungwa. Na sio mambo ya leo, mwaka 1793 mabaharia wa nahodha Mwingereza George Vancouver walikula kome asubuhi kaskazini huko British Columbia, mmoja wao, John Carter, hakuiona jioni.

Usiangalie rangi ya maji, maji yanaweza kuwa meupe pee na sumu imo. Na ile ya Waingereza kwamba chaza waliwe miezi yenye herufi R usiifuate. Kwanza sumu inakuja hata baridi, pili kwa Kiswahili miezi yenye R ni Januari, Februari na Aprili tu, tutakufa njaa. Kuna kombe wanaitwa butter, hao wanatunza sumu hata mwaka na zaidi, ndio maana utakuta ufukwe umefunguliwa kwa wote isipokuwa wao. Kama hujui kuwatofautisha waache.

Joto la mwezi wa saba na wa nane lina la kwake, vijidudu vya vibrio kwenye chaza. Hao moto unawamaliza, joto la ndani 145 za Fahrenheit kwa sekunde 15. Mbichi na limau waachie wenyewe, hasa kama ini lako lina tatizo.

Pwani ya bahari kuu, Long Beach, Twin Harbors, Copalis, kuna wale warefu wanaoitwa razor, sisi tumewabatiza nyembe. Wao hawana msimu wa moja kwa moja, wanapimwa sumu kwanza halafu zinatangazwa siku chache chache, kuanzia vuli mpaka majira ya kuchipua. Mara nyingi ni nyembe 15 za mwanzo unazochimba, hata ikivunjika, hata iwe ndogo, inahesabika, huruhusiwi kurudisha na kuchagua. Vuli na kipupwe unaenda usiku na taa, baridi inapiga mpaka meno, na usiipe bahari mgongo, mawimbi ya kule yanakuja bila salamu. Kaa wana kadi yao tofauti na mambo mengi, hilo tuliache.

Nyumbani sasa. Kabla hujaondoka ufukweni chota ndoo ya maji ya bahari, kombe walale humo mahali pa baridi masaa kadhaa wateme mchanga. Usitumie maji ya bomba, wanakufa. Mke wangu anaanza na kitunguu, thomu na bilauri ya tui jepesi, kombe wanaingia, mfuniko juu, wakishafunguka tui zito na ndimu mwisho. Yule asiyefunguka mtupe, usimlazimishe kwa kisu hata kama umeendesha masaa mawili kumfuata.