Kwa mawakili wapya mnaotaka kubadili sheria za dawa za kulevya

Wadogo zangu, wengi mnanijia mkiwa mmetoka tu kuapishwa, na swali lenu la kwanza ni mwonane na mbunge gani, au muandike waraka kwa nani. Jibu langu ni moja. Nendeni mahakama ya wilaya, mkashike kesi ya kijana aliyekamatwa na kete mbili mfukoni. Sera mnayotaka kuibadili imo kwenye majalada yale. Wakili ambaye hajasoma jalada la namna hiyo tangu hati ya ukamataji hadi hukumu, mbunge atamshinda kwa swali moja tu.

Tazameni kwanza hati ya mashtaka. Kwa sheria yetu ya Tanzania ya kudhibiti dawa za kulevya ya 2015, kukutwa na kiasi kidogo kwa matumizi yako mwenyewe ni kosa lenye adhabu nyepesi zaidi. Kusafirisha kunaweza kumpeleka mtu jela miaka 30 au maisha. Neno "kusafirisha" limepewa tafsiri pana mno, hivyo mtumiaji anaweza kujikuta upande mzito wa mstari. Pigania mstari huo mapema, kabla ushahidi haujaanza kusikilizwa.

Kisha fuateni kielelezo, yaani zile dawa zilizokamatwa. Nani alikikamata, nani alikipokea kituoni, kilifungwa kwa lakiri gani, kilifika lini kwa Mkemia Mkuu wa Serikali, na kilirudi mikononi mwa nani? Mahakama ya Rufani ilieleza mwaka 2009 kwamba safari hiyo yote inapaswa kuonekana kwenye maandishi. Baadaye imelegeza, ikasema ushahidi wa mdomo unaweza kutosha, hasa kwa vitu visivyobadilishika kwa urahisi. Unga wa heroini hubadilishwa kirahisi. Simameni hapo, na msione haya kumhoji shahidi kuhusu bahasha kwa nusu saa nzima.

Kuna jambo ambalo chuoni hatukufundishwa, nalo ni arosto. Mtumiaji wa heroini huanza kuumwa saa chache baada ya dozi ya mwisho: jasho, kutapika, kuharisha, mifupa kuuma. Sheria inataka mahojiano yafanyike ndani ya saa 4 tangu mtu akamatwe, isipokuwa muda uongezwe kwa utaratibu. Linganisha saa ya kukamatwa na saa iliyoandikwa kwenye maelezo ya onyo, yaani yale aliyoyatoa polisi baada ya kuonywa, kisha muulize mteja wako alikuwa na hali gani wakati huo. Mtu anayetetemeka kwa arosto atasaini karatasi yoyote ili aachwe alale. Nimeona maelezo ya namna hiyo yakisomwa mahakamani kana kwamba yametolewa na mtu aliyeketi sebuleni kwake, na hadi leo yananiuma.

Kama mteja yuko kwenye methadoni, dawa ya kumtibu aliyezoea heroini, simu yako ya kwanza iwe kwa kliniki yake. Muhimbili ilianza huduma hii Februari 2011, na leo kuna vituo kadhaa nchini. Kwa kawaida dawa hunywewa kila siku mbele ya mhudumu. Anayekaa mahabusu siku kadhaa bila kunywa harudishiwi dozi yake ya zamani. Daktari huanza chini, kwa sababu mwili umeshapoteza uzoefu na dozi ile ile inaweza kumuua. Hatari hiyo hiyo inamsubiri anayetoka gerezani akarudi kijiweni na kutumia kiasi alichokizoea kabla ya kufungwa. Mwambieni mama yake, mkewe, rafiki yake. Si kazi ya wakili, mtaniambia. Mimi naona ni kazi yetu, maana siku ya kuachiwa huru mara nyingi ni sisi tunaosimama naye mlangoni.

Mkishaiva huko, ndipo mpande juu. Someni habari za Gareth Prince wa Afrika Kusini. Alikuwa mhitimu wa sheria na Rastafari. Chama cha wanasheria cha Cape kilikataa kusajili mkataba wake wa mafunzo kwa sababu alikuwa na hatia za kukutwa na bangi na hakuficha kwamba ataendelea kuivuta. Mwaka 2002 Mahakama ya Katiba ilimkatalia hoja ya uhuru wa dini, majaji 5 kwa 4. Alikwenda Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu, akaenda Umoja wa Mataifa, kote akashindwa. Akarudi nyumbani. Septemba 2018 mahakama ile ile iliamua, safari hii kwa kauli moja, kwamba mtu mzima kulima na kutumia bangi faraghani kwa ajili yake mwenyewe si jinai. Kilichoshinda ni haki ya faragha. Bunge lilipewa miezi 24 kurekebisha sheria; rais alisaini Mei 2024. Hesabuni wenyewe hiyo miaka kabla hamjaamua kama kazi hii ni yenu.

Kuhusu pesa nitasema kwa kifupi: wateja hawa hawana. Shikeni na kesi za ardhi na mirathi.

Siku mtakayofika mbele ya kamati ya Bunge, mtaambiwa mikataba ya kimataifa imetufunga mikono. Nendeni na mkataba wenyewe. Ule wa Umoja wa Mataifa wa 1988 dhidi ya dawa za kulevya, ibara ya 3, unataka kumiliki kwa matumizi binafsi kuwe kosa, lakini kwa kuzingatia misingi ya katiba ya kila nchi; na aya ya 4 ya ibara hiyo hiyo inaruhusu matibabu, elimu na kumrejesha mtu kwenye jamii badala ya kumtia hatiani au kumwadhibu. Ureno ni mwanachama wa mkataba huo. Tangu Julai 2001, anayekamatwa huko na kiasi kisichozidi matumizi ya siku 10 hapelekwi mahakama ya jinai, anapelekwa mbele ya jopo la watu watatu linaloweza kumwelekeza kwenye matibabu. Dawa bado zimekatazwa na wauzaji bado wanafungwa. Lielezeni hilo mapema, kabla hajainuka mtu kusema mmekuja kuhalalisha unga.